Sukari Guru Haina Muhuri

6 Novemba

Daftari hili nimepewa bure na duka la mbolea. Jaladani kuna picha ya nyati jike aliyenona kuliko nyati yeyote niliyewahi kumwona, nami nimewaona wengi. Binti yangu Ramneet, anayefundisha shule kule Bathinda, kanipigia simu: "Baba, kuanzia leo andika. Nani kaja, kasema nini, siku gani. Mali bila daftari hupotea bila habari."

Nikamwambia, mimi Balkar Singh niliishia darasa la saba, na hilo la saba nililimaliza kwa huruma ya mwalimu. Akasema, "Andika hivyo hivyo unavyosema." Basi hataniweza, maana mimi nikianza kusema hata redio huzimwa.

Barabara kuu mpya inakuja, njia sita, na inapita katikati ya shamba langu. Nimeendesha lori miaka ishirini na sita. Kutoka Amritsar hadi Guwahati, hadi Kanyakumari kule nchi inakoishia baharini, hakuna nguzo ya maili isiyoujua mlio wa honi yangu. Na katika miaka yote hiyo sikuwahi kujiuliza lami ile imelalia ngano ya nani. Sasa Mungu kanijibu swali ambalo sikuuliza.

Wanachukua ekari mbili kati ya tano zangu. Ndizo mbili zenye kisima cha pampu. Wakilipa kwa haki, nitanunua nyingine ng'ambo ya mfereji na maisha yataendelea. Wasipolipa kwa haki, nitabaki na ekari tatu kavu na hadithi nzuri ya kusimulia.

9 Novemba

Nimemaliza kupanda ngano. Vigingi vyao vya saruji nimevizungukia na trekta. Mke wangu Chinder kasimama ukingoni na birika la chai: "Baba Ramneet, unapanda barabarani." Nikamwambia, mpaka walipe ni shamba.

15 Novemba

Leo kaja Tarsem, karani wa ardhi. Katandaza ramani ya kijiji juu ya kitanda changu cha kamba. Ni ile ya kitambaa, kuukuu, imekunjwa hadi mikunjo imekuwa mipaka. Kaweka kidole juu ya ekari zangu mbili, kasoma daftari lake, akakohoa.

"Hapa jina ni Jagir Singh, marehemu. Mrithi wake Nahar Singh."

Nikacheka. "Karani, umeishika ramani miguu juu."

"Kaka Balkar, ramani haina miguu. Ina namba."

Jagir alikuwa baba yangu mdogo, na Nahar ni mwanawe. Kweli zamani zile ekari mbili zilikuwa zao, na zetu mbili zilikuwa kule karibu na bwawa, nyuma ya nyumba yao. Mwaka 1979 wazee waliona ni upuuzi kila mmoja kuvuka kijiji na ng'ombe kwenda kulima mlangoni kwa mwenzake, wakabadilishana. Baba mdogo alivunja bonge la sukari guru, kila mmoja akala nusu, ikawa imekwisha. Ofisini hawakwenda. Kumwambia ndugu yako mkaandikishane karatasi ilikuwa kama kumpekua mifuko kabla ya kumkaribisha ndani. Nusu ya kijiji hiki imebadilishana mashamba hivyo hivyo, na ramani ya Tarsem haijui.

"Na la pili," akasema. "Shamba hili ni la mvua. Daftari linasema halina maji."

"Halina maji! Kisima kile kinatoa maji tangu 1981. Unadhani kinatema mate?"

"Daftarini hakipo."

"Basi njoo uchungulie shimo!"

"Mimi huchungulia daftari, kaka."

Fidia ya shamba la mvua ni rupia laki thelathini na moja kwa ekari. La maji ni laki hamsini na nne. Mtoto mdogo anaona tofauti. Nikamwambia Tarsem nitapinga, nitapinga hadi Delhi. Akakunja ramani yake polepole kama mtu anayekunja sanda.

"Kupinga kunaruhusiwa hadi tarehe kumi Februari. Lakini anayepinga ni mwenye jina. Na fidia yenyewe, ikitoka, inakwenda kwa mwenye jina."

Mwenye jina ni Nahar. Nahar na mimi hatujasemezana miaka kumi na moja.

16 Novemba

Niandike na sababu, ili anayesoma asidhani niliua mtu.

Ilikuwa harusi ya binti wa Nahar. Bwana harusi, Lakhvir, ni mtu mfupi. Sisemi kwa ubaya, Mungu alipomaliza udongo alimaliza udongo. Alipokuja juu ya farasi mweupe na shada la maua usoni, mimi nikasema, na sauti yangu ni ya kuitia watu kwa mbali: "Jamani, nani kamsahau mtoto juu ya farasi?"

Uwanja mzima ulicheka. Mpiga ngoma aliangusha fimbo. Ulikuwa mzaha bora kuliko yote niliyowahi kutoa, na niliwahi kumchekesha askari wa barabarani hadi akasahau faini. Nahar tangu siku ile akikutana nami hutazama mawingu. Huyo ndiye mtu wa kunifungia mlango wa riziki! Mtu asiye na koo la kucheka. Mtu anayetunza kila kamba, kila gunia, kila msumari uliopinda, hadi nyumba yake inafanana na duka la mtu aliyefilisika.

28 Novemba

Ngano imeota. Kijani cha kwanza, kama nywele za mtoto mchanga.

11 Desemba

Ukungu.

12 Desemba

Ukungu. Trekta yangu mwenyewe nimeitambua kwa goti.

20 Desemba

Nimekwenda mjini kwa wakili. Ana kiti kinachozunguka. Nilimweleza yote, akazunguka mara mbili, akatabasamu.

"Bwana Balkar, wewe hujui kwamba umeshika mpini. Kama kwenye karatasi shamba lako ni la Nahar, basi shamba la Nahar kwenye karatasi ni la nani?"

Nikawaza. Zile mbili za bwawani. Bado zina jina la baba yangu.

"Na juu yake kuna nini?"

"Nyumba mpya ya Nahar. Na zizi lake."

"Basi mpelekee barua ya kumwondoa. Atakuja mwenyewe anatambaa. Barua nitaandika mimi."

Nilirudi nikiimba. Njia nzima nilimwona Nahar amekaa juu ya masanduku yake ya misumari iliyopinda, barabarani, nami nampita na lori. Nilipiga honi mara tatu bila sababu.

Chinder alikuwa anakanda unga wa mahindi. Nilipomaliza kusimulia hakuacha kukanda.

"Hongera. Jeneza lako lina mabega mangapi?"

"Mabega gani tena?"

"Jeneza hubebwa na wanne. Huna mtoto wa kiume, huna kaka. Kaka zangu wawili, na mume wa Ramneet siku akimpata. Watatu. Wa nne utamkodi kwa wakili?"

Nikasema mimi sina mpango wa kufa. Akasema, wagombanao ndugu, shika jembe ukalime. Na wakati wewe umeshika jembe, kapu la mavuno keshalichukua mwenye kiti kinachozunguka. Chapati ya leo ilikuwa na chumvi nyingi. Nadhani makusudi.

2 Januari

Ukungu. Barua ya wakili imeletwa na posta, kasema niisaini niirudishe mjini mwenyewe. Goti linauma, siwezi kusafiri.

5 Januari

Goti bado.

9 Januari

Ukungu umeinuka saa moja tu mchana. Niliona nyumba ya Nahar ng'ambo, na yeye juu ya paa anafunga bomba kwa moja ya zile kamba zake. Goti haliumi kwa kweli. Barua sitaki kuisaini, na wala sijui kwa nini, maana ni barua nzuri.

14 Januari

Leo Chinder kapika wali wa maji ya miwa, kama desturi ya siku hii. Bakuli moja kalifunika na kitambaa.

"Hilo la nani?"

"La mke wa Nahar."

Kumbe kila mwaka humpelekea! Miaka kumi na moja wanapelekeana mabakuli kupitia mlango wa nyuma, mimi nakaa na kiburi changu mlango wa mbele. Nikamwambia, wewe ni msaliti. Na yote kwa mzaha mmoja tu.

Chinder akaweka bakuli chini. Amenitazama hivyo mara mbili maishani, na mara ya kwanza nilikuwa nimegongesha lori.

"Mzaha mmoja. Unajua baba wa bwana harusi alikusikia?"

"Si alicheka?"

"Aligeuza farasi. Alisema anarudi na mwanawe na watu wake wote, hawezi kumwoza mwanawe kwa watu wanaomdhihaki. Nahar alimkimbilia nyuma ya turubai. Akavua kilemba chake, heshima yake yote, Baba Ramneet. Akakiweka miguuni pa yule mtu. Akakaa kichwa wazi mavumbini mpaka yule mtu akakubali. Mimi na mkewe tuliona."

"Na mimi nilikuwa wapi?"

"Ulikuwa unacheza ngoma."



15 Januari

Nilicheza vizuri sana siku ile. Nakumbuka watu walinirushia noti.

16 Januari

Kilemba cha mtu.

22 Januari

Nimekwenda. Nilipitia mlango wa mbele, mchana, ili kila mwenye macho aone. Nahar alikuwa anakatia nyati majani. Kazeeka. Mimi huwa sizeeki, kwa hiyo nilishtuka.

Nilikuwa nimetayarisha maneno tangu nyumbani, maneno mazito, na mizaha miwili ya kulainisha. Yote yakanikimbia. Nikavua kilemba changu, nikakiweka chini karibu na miguu yake, juu ya makapi. Baridi ilinipiga kichwani kama kofi.

"Sikujua," nikasema. "Juzi ndiyo nimeambiwa. Sikujua, Nahar."

Nyati alinusa kilemba. Nahar akamsukuma pua. Akakiokota, akakung'uta makapi moja moja, maana huyo hata makapi huyahesabu, akanirudishia mkononi. Mkewe akaleta chai. Tulikunywa bila kusema. Mimi kukaa kimya kikombe kizima! Wangepita watu wangeita daktari.

Mwisho nikamwambia habari ya barabara, na daftari la Tarsem, na wakili na barua yake. Nilimwambia yote. Nikaitoa barua mfukoni, nikampa bila saini. Akaisoma mbele na nyuma, akaikunja, akaiweka ndani ya kopo. Hata hiyo kaitunza!

"Lini?" akauliza.

"Nini?"

"Ofisini."

"Tarehe nane Februari wanasikiliza wa kijiji chetu."

"Haya."

Maneno matatu kwa miaka kumi na moja. Hakusema atakuja, wala hakusema hatakuja.

30 Januari

Tarsem kaniambia kamwona Nahar mjini, kwanza benki, halafu ofisi ya umeme. Akanikonyeza. "Anafungua akaunti, kaka. Mwenye jina kaamka."

Nikamwambia Tarsem aende akachungulie daftari.  Benki. Angetaka angeweza. Kwenye karatasi zote ni zake, na barua ya pekee ya kumtishia nimempa mimi mwenyewe kwa mkono wangu. Wakili angelia machozi. Chinder kaniuliza, "Unajuta?" Nikasema sijui kujuta, sikusoma hadi darasa hilo. Na kwa kweli, nikiuangalia moyo kama ninavyoangalia injini, hakuna moshi. Kama akichukua, achukue. Kilemba kilikuwa deni la kwanza.

3 Februari

Haradali imechanua njano hadi macho yanauma. Ngano imefika magotini.

8 Februari

Leo lazima niandike yote, hata mkono ukivunjika.

Ofisi ya fidia ilikuwa imejaa watu wa vijiji vinne. Ofisa ni mama mmoja mwenye miwani na shali ya kahawia, sauti ya chini, macho ya juu. Saa tano wakaita namba ya shamba. Nikasimama peke yangu.

"Wewe ndiye Nahar Singh?"

"Mheshimiwa, mimi ni Balkar Singh, nalima hapo tangu..."

"Nimeuliza Nahar Singh."

"Yupo," sauti ikasema mlangoni.

Kaja na kilemba cha buluu kipya na kopo kubwa la biskuti kwapani. Kapita mbele ya watu wote, kasimama karibu nami. Hakunitazama.

"Shamba hili ni lako?" mama akamuuliza.

"Kwa karatasi langu. Kwa haki la huyu."

"Eleza."

Sikujua kama Nahar ana maneno mengi hivyo ndani. Kaeleza mabadilishano ya wazee, mwaka, mwezi, hata rangi ya ng'ombe aliyekuwa amefungwa pale. "Nilikuwa na miaka tisa. Baba alivunja sukari guru. Vipande vidogo vilidondoka, nikaviokota nikala. Kwa hiyo mimi ni shahidi, na ushahidi niliumeza."

Watu wakacheka. Mama akaficha mdomo kwa shali. "Bwana Nahar, sukari guru haina muhuri."

"Najua. Ndiyo maana nimeleta hii." Akatoa hati ya kiapo, yenye muhuri wa mjini. Benki alikwenda kulipia ada yake. Hati inasema shamba la barabara ni la Balkar, shamba la bwawa ni la Nahar, na yote mawili yaandikwe upya siku moja. Chini ilikuwa na sahihi yake, na mstari mtupu wa sahihi yangu.

Kisha akafungua kopo.

Wakati ule wa 1981, umeme wa kisima uliombwa kwa jina la mwenye karatasi, yaani baba mdogo. Bili zilikwenda nyumbani kwao. Baba yangu alikuwa akienda kulipa, risiti zinabaki kule. Miaka kumi na sita, mpaka serikali ilipofanya umeme wa mashambani kuwa bure. Zote zilikuwemo, zimetungwa kwenye waya kama samaki, mwaka baada ya mwaka. Na juu yake barua mpya ya ofisi ya umeme: kisima kiko hapo, tangu 1981, kinafanya kazi.

Mama kavua miwani. "Mmezitunza hizi miaka yote? Kwa nini?"

Nahar akamwonyesha kwa kidole. "Hapa chini imeandikwa: tunza risiti hii. Hawakuandika hadi lini."

Sasa hapo hata Tarsem alicheka, naye ndiye aliyeandika shamba la mvua. Mama hakucheka. Kageuza risiti moja moja, halafu kamwambia karani wake: "Andika. Pingamizi limepokelewa. Shamba likaguliwe upya. Na safari hii," akamtazama Tarsem, "mtu achungulie shimo."

Nikasaini. 

Nje nilimwambia Nahar, "Ungeweza kuchukua zote."

"Ningeweka wapi?" akasema. "Nyumba imejaa." Akapanda baiskeli yake na kopo lake.

21 Februari

Tarsem kaja na wakaguzi wawili. Kachungulia shimo. Niliwasha pampu, maji yakamlowesha hadi kiunoni. Bahati mbaya tu.

4 Machi

Mvua ya mawe. Ngano imelala upande wa mashariki. Hakuna barua.

11 Machi

Hakuna barua. Ngano inajaribu kuinuka. Nayo ina kiburi, kama mwenyewe.

19 Machi

Barua! Shamba la maji. Laki hamsini na nne kwa ekari, kisima na mabomba vitathaminiwa peke yake. Jina: Balkar Singh. La bwawani: Nahar Singh. Nimeisoma mara nne, na mara ya tano nimemsomea nyati.

Ramneet kasema kwenye simu kwamba hata hiyo bado iko chini ya bei inayouziwa watu kando ya barabara. Kasema nikipokea niandike chini, "Napokea huku napinga," ili nisijifunge mdomo. Nimeandika. Nafasi ilikuwa ndogo, nikaandika hadi pembeni. Wajue wamekutana na nani.

2 Aprili

Mitambo imefika kwa jirani. Msimamizi wao kasema wataingia kwangu tarehe kumi na sita. Ngano haijakauka vizuri. Nikamwambia, kijana, mimi nimepita kwenye barabara zenu zote kwa ustaarabu, nanyi mpite kwenye ngano yangu kwa ustaarabu. Kasema kumi na sita ni kumi na sita.

8 Aprili

Joto kali. Upepo mkavu. Vuma, baba, vuma.

12 Aprili

Mashine zote za kuvunia zimeshachukuliwa. Ya karibu ni ya tarehe kumi na nane. Nimenoa mundu. Chinder kanitazama nikiinama akasema goti lako lile la Januari limerudi?

14 Aprili

Sikukuu ya mavuno. Alfajiri tulikuwa ukingoni, mimi, Chinder na mundu, ekari mbili mbele yetu kama bahari, tukasikia ngurumo. Mashine ya kuvunia, nyekundu, kubwa kama nyumba, inakuja kwenye njia ya mfereji, Nahar anatembea mbele yake akiondoa matawi. Na matawi anayaweka kando, ya kutunza.

Mashine ni ya mkwewe. Kaiacha kazi ya kulipwa kijijini kwao, kaendesha tangu usiku. Lakhvir! Yule yule wa farasi. Kakaa kule juu kwenye kiti, usukani mkubwa kuliko yeye, kilemba tu ndicho kinaonekana.

Chinder akanishika mkono kwa nguvu. Haikuwa lazima. Nilikuwa nimetazama chini kabisa, nahesabu vidole vyangu vya miguu.

Nahar akasimama karibu nami. Akaitazama mashine juu hadi chini. Halafu yeye, Nahar, mtu asiye na koo la kucheka, akapaza sauti shamba zima likasikia:

"Jamani, nani kamsahau mtoto juu ya mashine?"

Lakhvir akaanza kucheka kule juu, akacheka hadi akapiga honi. Nahar akacheka, na kumbe kicheko chake ni cha baba mdogo kabisa. Chinder alikaa chini kwenye matuta. Tukavuna ekari zote mbili kabla ya saa nane, na yale mashuke yaliyodondoka Nahar kayaokota yote.

Mkewe alileta sukari guru mpya ya mwaka huu. Nahar akavunja bonge, akanipa nusu. Nikamwambia sasa tuna muhuri, hii ya nini? Akasema, "Ya kula."

Kuhusu ule mzaha wa mtoto juu ya mashine, nilikuwa na la kujibu. Nilikuwa nalo kabisa, limekaa kwenye ulimi, zuri kuliko lake na kuliko lile langu la zamani. Nikalimeza pamoja na sukari guru.